INNA wa Romania: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Kuna wasanii ambao watu huzijua nyimbo zao kabla ya kuyajua majina yao, na INNA ni mmoja wao. Piga "Sun Is Up" kwenye sherehe ya watu waliokuwa vijana mwaka 2010 uone kama kuna atakayebaki kitini. Waulize wanaocheza anayeimba ametoka nchi gani, utatajiwa Uhispania, Ufaransa, hata Brazili. Ni Mromania. Haya ndiyo maswali yanayorudi kila anapotajwa.

INNA ni nani hasa?

Jina lake la kuzaliwa ni Elena Alexandra Apostoleanu. Alizaliwa tarehe 16 Oktoba 1986 huko Mangalia, mji wa bandari ulio kusini kabisa mwa pwani ya Romania, karibu na mpaka wa Bulgaria. Alikulia Neptun, kijiji cha watalii kilicho jirani na Mangalia. Ni mwimbaji wa pop na muziki wa dansi, anaimba Kiingereza, Kihispania na Kiromania, na kwa miaka ya karibuni Waromania wanamjua pia kama sura ya televisheni. Jina la kisanii yeye mwenyewe huliandika kwa herufi kubwa zote.

Mahali alipokulia pana uhusiano gani na muziki wake?

Mkubwa kuliko inavyodhaniwa. Kando ya Mangalia kuna mfululizo wa miji ya mapumziko yenye majina yanayohusu miungu ya kale na sayari: Neptun, Olimp, Jupiter, Venus, Saturn. Ilijengwa zama za ukomunisti, miaka ya 1960 na 1970, ili wafanyakazi wa viwandani wapate pa kwenda likizo wakati wa kiangazi. Nicolae Ceaușescu, aliyetawala nchi hiyo hadi Desemba 1989, naye alikuwa na jumba lake la likizo Neptun.

Mtu wa Malindi au Nungwi ataelewa haraka maisha ya sehemu kama hiyo. Kuna msimu, na kuna miezi mingine yote. Kuanzia Juni hadi mwanzoni mwa Septemba hoteli zinajaa, muziki unatoka kila upande, na wanamuziki wa Bucharest wanahamia baharini kwa sababu huko ndiko pesa ilikokwenda. Ipo hata stesheni ya redio ya pwani, Radio Vacanța, iliyozaliwa kwa ajili ya wenye likizo. Baada ya hapo baridi inaingia, upepo wa Bahari Nyeusi unavuma, na wenyeji wanabaki na majengo matupu.

Binti aliyekulia hapo hujifunza mapema wimbo gani unawatoa watu kwenye viti na upi unawarudisha. Sikiliza vibao vyake vya mwanzo: karibu vyote ni vya kiangazi, bahari, usiku na kucheza. Wakosoaji huona hayo ni mambo mepesi. Kwa maoni yangu alikuwa anaimba kazi iliyolisha mji wake.

Alianzaje?

Kabla ya 2008 alijaribu njia ya kawaida, pop ya mapenzi na gitaa, na haikumfikisha mbali. Kilichobadilisha mambo ni kukutana na maprodyuza watatu waliojiita Play & Win: Sebastian Barac, Radu Bolfea na Marcel Botezan. Aliyekuwa akisimamia shughuli zao ni Lucian Ștefan, ambaye baadaye angeendesha lebo ya Global Records. Watatu hao walikuwa na mdundo wao: besi inayodunda moja kwa moja bila kona, kinanda cha kielektroniki chenye melodi fupi inayonasa, na juu yake sauti ya kike iliyotulia, isiyopiga kelele.

Agosti 2008 wakatoa "Hot". Mashairi yake ni mistari michache tu inayorudiwa, na mtu anaweza kuyakariri kabla wimbo haujaisha. Albamu yenye jina hilohilo ilifuata mwaka 2009 kupitia lebo ya Roton, ikiwa na "Love", "Déjà Vu" alioshirikiana na Bob Taylor, "Amazing", na "10 Minutes", ambao ulipata video yake mwaka 2010.

Wimbo wa Kiromania ulifikaje Uingereza na Marekani?

Kwanza, haukuwa wa Kiromania kwa lugha. Ulikuwa wa Kiingereza tangu siku ya kwanza, na uamuzi huo ulifanywa kibiashara kabisa.

Pili, muziki wa dansi una njia zake za kusafiri. Wimbo wa aina hii hausubiri lebo kubwa ya kimataifa iuchukue. Lebo ya nyumbani hukodisha haki zake nchi moja moja: huku kampuni hii, kule kampuni ile, kila mmoja akiongeza remiksi zinazofaa klabu zake. Nchini Marekani "Hot" ilitoka kupitia Ultra Records, lebo iliyobobea katika muziki wa dansi. Madijei wakaupiga, redio zikafuata, na mwanzoni mwa 2010 ukashika namba moja kwenye chati ya Billboard ya nyimbo za dansi zinazochezwa redioni. Mwaka huohuo nchini Uingereza ulifika namba 6, na "Amazing" ukafika namba 14. Kwa msanii wa Ulaya Mashariki asiye na ubalozi wa lebo kubwa London, hiyo ilikuwa habari nzito.

Tatu, Romania iliingia Umoja wa Ulaya tarehe 1 Januari 2007, na ghafla kuzunguka na maonyesho Ufaransa, Uhispania au Ujerumani kukawa rahisi kuliko ilivyokuwa kwa kizazi cha kabla yake. INNA alikuta mlango umefunguliwa mwaka mmoja na nusu tu uliopita.

Mwaka 2011 alipewa tuzo ya European Border Breakers, iliyokuwa ikitolewa kwa wasanii wapya waliouza nje ya nchi zao.

Je, yeye ndiye wa kwanza kutoka Romania?

Hapana, na hapa inabidi kukaa kidogo, maana bila waliomtangulia habari yake inaonekana kama bahati.

Mwaka 2003 kikundi cha O-Zone, vijana watatu wa Moldova waliohamia Romania kutafuta soko, kilitoa "Dragostea din tei". Wimbo ule uliimbwa Kiromania kitupu na bado ukaizunguka Ulaya nzima. Hata aliyekuwa haelewi neno aliuimba. Akcent wakaja na "Kylie". Morandi, kundi la Marius Moga na Andrei Ropcea, likatamba na "Angels" mwaka 2007, hasa Ulaya Mashariki na Urusi. Kisha akaja INNA, na mwaka 2009 Edward Maya na Vika Jigulina wakatoa "Stereo Love", ule wenye kodiani. Melodi ya kodiani ile, ikumbukwe, ilitoka kwa mtunzi wa Azerbaijan, Eldar Mansurov, na ilibidi mambo yasawazishwe kabla jina lake halijawekwa mahali pake. Mwaka 2011 Alexandra Stan akafunga kazi na "Mr. Saxobeat".

Kwa nini nchi moja, ndani ya miaka michache, itoe vibao vingi hivyo? Sababu zinazoniridhisha ni za mfukoni na za nyaya. Romania ilikuwa na watu takriban milioni 20, na wengi wao walikuwa hawanunui kaseti wala CD halali. Mwanamuziki aliishi kwa maonyesho, basi akatunga kinachochezeka ukumbini. Halafu kulikuwa na intaneti. Mwishoni mwa miaka ya 1990 na mwanzoni mwa 2000, vijana wa mitaa ya maghorofa walitandaza nyaya wenyewe kutoka jengo hadi jengo, wakaunganisha kompyuta za majirani, wakabadilishana muziki na programu za kutengenezea muziki. Mitandao hiyo ya mtaani ndiyo iliyokuja kumezwa na kampuni kubwa, na Romania ikawa na intaneti ya kasi iliyozishinda nchi nyingi tajiri za Ulaya. Prodyuza aliyekuwa chumbani kwake alikuwa anasikia kila kinachochezwa Ibiza na Miami wiki hiyohiyo kilipotoka.

Tofauti ya INNA na wengi wa kundi hili ni kwamba hakubaki na kibao kimoja. O-Zone walivunjika mwaka 2005. Edward Maya hakuwahi kurudia kishindo kile. INNA alikuwa na wimbo wa kutambulika mwaka 2008, 2010, 2014, 2017 na 2021.

INNA na Alexandra Stan ni mtu mmoja?

La. Wanachanganywa kwa sababu wote wawili wametoka pwani ileile (Alexandra Stan alizaliwa Constanța mwaka 1989) na walivuma karibu wakati mmoja. Walirekodi pamoja wimbo mmoja, "We Wanna", mwaka 2015, wakimshirikisha Daddy Yankee, mwimbaji wa reggaeton wa Puerto Rico.

Alitokea kwenye shindano la kuimba la televisheni?

Hili ndilo jambo ambalo watu wengi wamelipindua. Hapana, hakutokea huko. Televisheni ilikuja baadaye, na ilikuja kumfuata.

Angalia tarehe. Vocea României, toleo la Kiromania la shindano la The Voice lililoanzia Uholanzi, lilianza kurushwa na Pro TV mwaka 2011. Românii au talent, la vipaji vya kila aina, lilianza kituo hichohicho mwaka 2011. X Factor ya kituo shindani, Antena 1, nayo ikaanza mwaka 2011. Kufikia hapo INNA alikuwa na miaka mitatu ya kuzunguka Ulaya. Waliokaa kwenye viti vya majaji na walimu wa mashindano hayo walikuwa nyota wa ndani, wanaojulikana na kila kaya ya Romania, na yeye hakuwamo.

Si kwamba alinyimwa nafasi. Nchini kwake alikuwa na hali ya ajabu kidogo: wimbo wake ulijulikana, yeye mwenyewe hakujulikana. Aliimba Kiingereza, alikuwa safarini muda mwingi, na mahojiano yake mengi aliyatoa kwa vyombo vya nje. Vijana wa klabu walimjua. Shangazi yao aliyekaa sebuleni Jumapili jioni hakumjua.

Basi aliingiaje kwenye televisheni?

Mwaka 2017 Pro TV ilianzisha toleo la watoto, Vocea României Junior, na INNA akawa mmoja wa walimu watatu, pamoja na Andra na Marius Moga (huyuhuyu wa Morandi). Namna shindano linavyokwenda inafahamika: mwalimu anakaa akilipa kisogo jukwaa, mtoto anaimba, na mwalimu akivutiwa anabonyeza kitufe kiti kigeuke. Kinachofuata ndicho kigumu. Inabidi amshawishi mtoto ajiunge na timu yake, na baadaye amwambie mwingine kwamba safari yake imeishia hapo, mbele ya mamake na nchi nzima.

Kwa msanii aliyezoea kuonekana kwenye video akiwa mbele ya bwawa la kuogelea, hiyo ilikuwa sura mpya kabisa. Watazamaji walimsikia akizungumza Kiromania kwa kirefu, akicheka, akikosa la kusema. Mimi naamini misimu ile ilimjengea nyumbani kitu ambacho "Hot" haikuweza kumjengea.

Mwaka 2022 Pro TV ilileta Masked Singer România, toleo la mchezo uliobuniwa Korea Kusini mwaka 2015, ambamo watu maarufu huimba wakiwa wamevaa mavazi yanayowaficha mwili mzima na majaji wanabahatisha ni nani. INNA aliketi kwenye meza hiyo ya kubahatisha pamoja na mwimbaji Horia Brenciu, mwigizaji Alex Bogdan na mfanyabiashara Codin Maticiuc. Kipindi cha mizaha, hakina uzito wa muziki, lakini ndicho kilichomfikisha kwa shangazi wa Jumapili jioni.

Televisheni ina nguvu gani kiasi hicho Romania?

Ukitaka kuelewa, rudi miaka ya 1980. Kuanzia mwaka 1985 serikali ya Ceaușescu ilibana umeme hadi televisheni ya taifa ikabaki ikirusha takriban saa mbili kwa siku, na sehemu kubwa ya saa hizo ilikuwa kumsifu yeye na mkewe. Watu wa mipakani walielekeza antena Bulgaria, Yugoslavia au Hungaria ili waone angalau filamu. Baada ya 1989 kiu ile ilimwagika. Antena 1 ilianza 1993, Pro TV ikaanza tarehe 1 Desemba 1995, siku ya sikukuu ya taifa, na tangu hapo vituo hivyo viwili vinashindana kila mwisho wa juma kwa vipindi vikubwa vya burudani.

Kabla ya hapo waimbaji walitambulika kupitia matamasha yenye mashindano: Mamaia, lililoanza 1963 hukohuko pwani, na Cerbul de Aur la mjini Brașov, lililoanza 1968. Televisheni binafsi zilichukua kazi hiyo. Leo mwimbaji wa pop wa Romania asiye na kiti kwenye kipindi fulani anaonekana kama hajakamilika.

Ni waimbaji gani wengine wa pop waliokuwa nyota wa televisheni?

Andra ndiye mfano mkubwa zaidi. Alizaliwa Câmpia Turzii, eneo la Transilvania, mwaka 1986 kama INNA, alianza kuimba akiwa mtoto, na amekuwa jaji wa Românii au talent tangu msimu wa kwanza. Mumewe, Cătălin Măruță, alijulikana kwa miaka mingi kama mtangazaji wa Pro TV. Njia yake ni kinyume kabisa cha ile ya INNA: alipendwa nyumbani kwanza, kwa Kiromania, na nje amejulikana kidogo.

Smiley, ambaye jina lake ni Andrei Tiberiu Maria, mzaliwa wa Pitești, alitoka kundi la Simplu, akawa prodyuza, mwalimu wa Vocea României na mtangazaji wa Românii au talent akiwa na Pavel Bartoș. Mwimbaji Delia amekaa kwenye meza za X Factor na iUmor, shindano la wachekeshaji, upande wa Antena 1. Na Loredana Groza, aliyevuma tangu mwishoni mwa miaka ya 1980, alikuwa mwalimu wa Vocea României tangu mwanzo. Ukiwaweka pamoja unaona INNA alivyo wa pekee. Hao wote televisheni iliwakuza pamoja na muziki, hatua kwa hatua.

Kwa nini alianza kuimba Kihispania?

Kiromania ni mjukuu wa Kilatini kama kilivyo Kihispania na Kiitaliano, kwa hiyo mdomo wake haukuwa na kazi kubwa ya kufanya. Tena kuna tamthilia. Miaka ya 1990 na 2000 Romania ilijaa tamthilia za Meksiko, Venezuela na Argentina, kiasi kwamba mwaka 1998 kikaanzishwa kituo cha Acasă kilichoishi kwa hizo. Sisi Afrika Mashariki tulizitazama zikiwa zimetiwa sauti za Kiingereza. Wao huwa hawabadilishi sauti, wanaandika tafsiri chini. Kizazi kizima cha watoto wa Kiromania kilikua kikisikia Kihispania kila jioni.

Biashara nayo ilisukuma. Nyimbo zake zilipokelewa vizuri mno Meksiko na Uhispania. Mwaka 2011 alirekodi "Un Momento" na Juan Magán, Mhispania. Albamu ya Party Never Ends ya 2013 ilikuwa na Daddy Yankee kwenye "More Than Friends" na Yandel, naye wa Puerto Rico, kwenye "In Your Eyes". Mwaka 2014 akatoa "Cola Song" na J Balvin wa Kolombia, wakati ambapo Balvin alikuwa bado hajawa jina la dunia nzima. Hatimaye tarehe 31 Mei 2019 ikatoka albamu ya Kihispania, Yo, kupitia Global Records kwa ushirikiano na Roc Nation ya Marekani.

Yo ndiyo albamu yake ninayoirudia zaidi. Ni nyeusi, ya polepole, ina ngoma na minong'ono, na nyimbo kama "Ra", "Gitana" na "Iguana" hazifanani na kitu alichokuwa amefanya kabla. Haikuuza kama vibao vya kiangazi, na sidhani ilitengenezwa kwa lengo hilo.

Amewahi kufanya kolabo na msanii wa Afrika Mashariki?

Ndiyo. Vinka wa Uganda, msanii aliyevuma chini ya lebo ya Swangz Avenue ya Kampala ambaye wengi huku wanamkumbuka kwa "Chips na Ketchup", ameimba naye wimbo uitwao "Bebe". Inashangaza jinsi watu wachache wanavyoujua, hata Kampala. Mdundo umekaribia zaidi nyumbani kwa Vinka kuliko Bucharest, na ubeti wa Vinka ndio unaoubeba wimbo. Utafute.

Amewahi kuiwakilisha Romania Eurovision?

Hapana, ingawa nyimbo za Romania zimefika nafasi ya tatu mara mbili kwenye shindano hilo, 2005 na 2010. Ukiona video inayodai INNA ni wa Eurovision, imechanganya mambo.

Ni kweli kwamba mashairi yake ni matupu?

Baadhi ni matupu, ndiyo. "Hot" haina hadithi, na "Amazing" haikuzidi sana. Anayetafuta ushairi aende kwingine. Lakini kuna kosa la kupima wimbo wa klabu kwa kipimo cha wimbo wa kukaa na kusikiliza. Kiingereza chepesi kilikuwa chombo cha usafiri: msikilizaji wa Istanbul, wa Meksiko na wa Lyon wote walikuwa wanakisikia kama lugha ya pili au ya tatu, na wimbo ulipaswa kuwafaa wote siku hiyohiyo.

Alipoanza kutumia Kiromania zaidi, kwa mfano kwenye "Ruleta" ya 2017 aliyomshirikisha Erik, au alipoimba na kundi la Carla's Dreams la Moldova, alionyesha utani na ukali ambao kwenye Kiingereza haukuwepo.

Je, anaweza kuimba jukwaani bila kusaidiwa na mashine?

Swali la kila mwimbaji wa dansi. Tafuta mfululizo wa video wa Rock the Roof, ambamo aliimba juu ya mapaa ya majengo katika miji mbalimbali, Istanbul ikiwemo, akiwa na wapiga vyombo. Sauti yake si kubwa na haina madoido ya injili. Ina utulivu, na inashika noti.

Video hizo zilikuwa pia mbinu ya mapema. Badala ya kusubiri kituo cha televisheni kimpe jukwaa, alijitengenezea lake YouTube, wakati lebo nyingi za Ulaya bado ziliogopa kuweka muziki bure mtandaoni.

Dance Queen's House ni kitu gani?

Ni nyumba, ni kipindi, na ni kiwanda cha nyimbo kwa pamoja. INNA na watunzi na maprodyuza wake waliingia nyumba moja, wakaishi humo kwa majuma kadhaa wakitunga huku kamera zikiwatazama, na mashabiki wakafuatilia mtandaoni. Nyimbo zilizotungwa humo zilitoka mwaka 2022 kwa jina la Champagne Problems, zikiwa na alama ya DQH pembeni.

Ukiliangalia vizuri, ni televisheni ya uhalisia aliyoimiliki mwenyewe. Hakuna jaji, hakuna anayetolewa, na haki za nyimbo zinabaki mikononi mwa waliozitunga na lebo yao.

Maprodyuza wa mwanzo wako wapi?

Hawakwenda mbali. Baada ya Play & Win kumaliza enzi yake, Botezan na Barac waliendelea pamoja kwa jina la Marco & Seba, na wameendelea kumtungia INNA. Kwa hiyo ukihisi kwamba wimbo wake mpya una kaharufu ka 2009, masikio yako hayakudanganyi.

Ana mume? Ana watoto?

Kwa miaka kadhaa mwenzi wake aliyejulikana hadharani alikuwa Deliric, rapa wa Kiromania mwenye heshima kubwa kwenye hip hop ya huko. Zaidi ya hapo yeye mwenyewe hasemi mengi, na sioni sababu ya kumsemea.

Nianzie wapi kumsikiliza?

Usianze na "Hot", hata kama ndiyo iliyofungua mlango. Ukiisikia leo bila klabu kuizunguka utajiuliza kelele zote zilikuwa za nini. Anza na "Sun Is Up" ya 2010, ambayo haijazeeka. Ruka hadi "Diggy Down" ya 2014, halafu "Ruleta". Kisha isikilize Yo yote kwa mpangilio wake, usiku, kwa spika nzuri. Ukitoka hapo chukua "Flashbacks" kutoka albamu ya Heartbreaker ya 2020, na "Up" ya 2021, ambayo ina toleo la pili alilomshirikisha Sean Paul. La kwanza, lisilo na Sean Paul, ni bora. "Be My Lover" ya 2013 unaweza kuiacha. Ni marudio ya wimbo wa La Bouche wa miaka ya 1990, na La Bouche waliuimba vizuri zaidi.